Usilipakue hilo SyncCenter.dll
Sheikh wangu wa Wete, umeuliza kama ulipakue faili la SyncCenter.dll kwenye tovuti ya bure, maana kompyuta inakwambia halionekani. Usithubutu. Faili hilo ni la Windows yenyewe, linakaa C:\Windows\System32, na linaendesha Sync Center, ile sehemu ya Control Panel inayolinganisha mafaili ya seva na nakala zilizo kwenye kompyuta yako. La kuokota mtandaoni hujui ni la toleo gani wala nani kalichezea.

Andika cmd (dirisha la kuandikia amri) pale pa kutafutia, ifungue kama msimamizi, kisha andika sfc /scannow, amri ya kukagua na kurekebisha mafaili ya Windows, ubonyeze Enter. Iache mpaka ifike asilimia 100. Ikishindwa kurekebisha, andika DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth, halafu rudia sfc. Hiyo DISM kwa kawaida huvuta mafaili kutoka Windows Update, kwa hivyo uwe na bando la kutosha, na kama umeme wa kwenu unakatika katika, jaza chaji kwanza. Fundi akikwambia dawa ni kupiga Windows mpya, mwambie asubiri.

Lakini hebu soma jina tena. Kama limeandikwa FileSyncShell64.dll, hilo ni la OneDrive, hifadhi ya mtandaoni ya Microsoft, linalohusika na zile alama za wingu na tiki kwenye mafaili. Hapo iondoe OneDrive uiweke upya. Mafaili yaliyokwisha kupanda mtandaoni hayapotei. Ambayo hayajapanda, yanakili kwenye flashi kabla hujagusa chochote.