PS2 imekufa lenzi? Usiitupe, toa BIOS kwanza

Wiki karibu mbili nilikua natukana leptopu bure. Nimeweka PCSX2, ile programu ya kucheza gemu za PS2 kwa kompyuta, nimeweka gemu, nikifungua inaniambia haioni BIOS. Nikaanza kudaunlodi za mtandaoni, moja ikakuja na zip ya paswadi, ingine nikiangalia saizi ni KB 90 tu, na bando ndio hio inaisha. BIOS ni ile programu inakaa ndani ya konsoli na huwaka kabla hata diski haijasomwa. Ya PS2 ni MB 4, ya PS1 ni KB 512, kwa hivyo ukipata ya KB 90 futa tu, usijaribu kuifungua.

Na kumbe dawa ilikua chini ya kitanda. PS2 yangu ile nyembamba ilikufa lenzi kitambo, fundi mmoja hapa Kondele akaniambia niuze spea, lakini BIOS haitaki lenzi! Nilitafuta memori kadi iko na Free McBoot (programu inafanya PS2 ifungue programu zingine bila diski), flashi nikaformati FAT32 nikaweka biosdrain, programu ya kutoa BIOS, nikachomeka zote mbili, nikawasha, nikaingia uLaunchELF, ile menyu ya kufungua na kukopi faili kwa PS2, nikafungua biosdrain toka kwa flashi. Dakika chache hivi. Na iko halali kiasi juu ni ya konsoli yako, kudaunlodi ya mtandaoni ni kukopi mali ya Sony bila ruhusa. Pindua yako usome namba chini, kama ni SCPH-90000 kwenda juu zingine zinakataa Free McBoot, usinunue kadi kabla ujue.

Kuna faili kadhaa zitatoka, usichague, hamisha zote kwa Documents, PCSX2, folda ya bios. Jina si shida, juu PCSX2 huangalia ndani ya faili.

RetroArch sasa, programu moja ya kucheza gemu za konsoli nyingi za zamani, ndio iko na maringo. PS1 kwa kore ya Beetle (kore ni kile kipande cha RetroArch kinaendesha konsoli moja) inataka jina kamili, scph5501.bin kwa gemu za Marekani, scph5502.bin za Ulaya, herufi ndogo zote, ndani ya folda ya system, si ile ya gemu, na uitoe kwa zip kwanza. Kwa simu zingine ukiandika SCPH kubwa inaweza kukosa kuiona. Kwa Windows nayo kuna huu ujinga wa kuficha ile .bin ya mwisho, unabadilisha jina unadhani umemaliza kumbe imekua scph5501.bin.bin, hapo nilipoteza Jumapili yote.

Ya PSP usisumbuke, PPSSPP, programu ya kucheza gemu za PSP, haitaki BIOS kabisa. Mtoto wa dadangu alikua ameshinda akiitafuta mpaka nikamnyang'anya simu. Saa hii ananiuliza, "Anko, na zile sevu za mpira kwa memori kadi ya zamani?" Zinatoka pia, uLaunchELF hio hio, unakopi kwa flashi kama psu, aina ya faili ya sevu za PS2. Ametafuta hio kadi tangu asubuhi, ameshafika kwa droo za jikoni.