Klarineti kumezwa na tarumbeta: tatizo ni nafasi, si nguvu

Ndugu yangu, umeuliza kwa nini klarineti yako inamezwa na tarumbeta mkipiga jazi ya mtindo wa New Orleans, na kama ununue maikrofoni. Maikrofoni iache kwanza. Nahisi mnagombania nafasi moja.

Katika mtindo ule, wimbo ni wa tarumbeta. Tromboni inashika chini. Wewe unapita juu yao, ukisuka noti za kodi (noti kadhaa zinazopigwa pamoja) anayopiga mtu wa banjo. Ukibonyeza kile kitufe cha dole gumba la kushoto, sauti inaruka hadi noti ya 12 ukihesabu kutoka ile uliyoanzia, si ya 8 kama kwenye saksafoni, na huko juu ndiko klarineti inakopenya. Chini kabisa ni patamu mno, ila subiri tarumbeta inyamaze. Za kuepuka ni zile za katikati, sol hadi si bemoli, ambapo vidole karibu vyote viko hewani: ni nyembamba, zitamezwa tu.

Msikilize mpiga klarineti Johnny Dodds kwenye rekodi za bendi ya King Oliver za 1923. Walipiga mbele ya pembe kubwa ya kunasia sauti, maikrofoni hakuna, na Dodds alishindana na korneti mbili (korneti ni ndugu wa tarumbeta), ya Oliver na ya Louis Armstrong. Bado anasikika waziwazi! Sikiliza hasa pale korneti zinapovuta pumzi mwisho wa mstari: hapo ndipo anapomwaga. Anza na mapengo hayo tu, wiki nzima, kabla hujajaribu kusuka wimbo wote.