Gundi Gani Itashika Bomba Hili?

SWALI: Mhariri, assalamu alaikum. Nyumbani kwetu Langoni, Lamu, maji ya jabia (birika la kuhifadhia maji) hupandishwa kwa pampu hadi kwenye tangi la juu. Pale bomba la kijani linapoingia kwenye elbo (kiungio cha kona) ya kijivu pamevuja mara tatu. Fundi alitia gundi ya mabomba, akarudi na ile gundi ya matone inayonasa vidole, na mara ya mwisho akatia zote mbili. Naomba mnitajie gundi yenye nguvu zaidi.
Mama wa nyumba, Langoni

JIBU: Waalaikumu salamu, dada yetu. Kabla hatujataja gundi yoyote, chukua kipande cha bomba hilo na kipande cha elbo iliyotolewa, uvitose katika ndoo ya maji, ukihakikisha kwamba havikubaki na hewa ndani. Tunatarajia kwamba elbo itazama na bomba litaelea. Kinachozama ni PVC, plastiki ngumu ya mabomba iliyo nzito kuliko maji. Kinachoelea ni plastiki ya jamii nyingine, na kwa rangi uliyoitaja tunakisia kuwa ni PPR. Hata hivyo rangi peke yake si ushahidi, basi soma pia maandishi yaliyochapwa ubavuni mwa bomba.

Ikiwa ndivyo, fundi wako amekuwa akipigana na kitu kisichoshikika. Gundi ya mabomba ina kiyeyusho kinacholainisha uso wa PVC, hata bomba na soketi (mdomo wa kiungio unaopokea bomba), zikishabanwa pamoja na kiyeyusho kikaruka, huwa kitu kimoja. PPR hailainiki kwa kiyeyusho hicho. Gundi hukauka juu yake kama utando wa maziwa, na ukiikwangua kwa ukucha hubanduka. Ile ya matone nayo hukauka ikawa ngumu na yenye kuvunjika upesi, wala haistahimili mtikisiko wa pampu. Kutia zote mbili ni kutupa fedha mara mbili.

PPR huunganishwa kwa moto: mashine ya umeme huipasha ncha ya bomba pamoja na kiungio chake hadi nyuzi 260 hivi za selsiasi, kisha kimoja husukumwa ndani ya kingine. Kwa kuwa kwako zimekutana plastiki mbili, mwambie fundi achomelee kwenye bomba la kijani kiungio chenye hesi (meno ya kukazia) ya shaba, upande wa PVC aweke adapta, yaani kiungio cha PVC chenye hesi, aizungushie hesi utepe mweupe wa kuzuia mvujo, kisha akaze kwa kiasi.

Pale adapta hiyo inapokutana na bomba la PVC ndipo mahali pa gundi ya PVC. Bomba likatwe sawasawa, lipigwe msasa na kufutwa vumbi. Gundi ipakwe nyembamba ndani ya soketi na nzito kidogo juu ya bomba, kisha lisukumwe hadi mwisho huku likizungushwa robo mzunguko, na kushikiliwa kwa nusu dakika. Kwa joto letu la kaskazi kopo lisiachwe wazi, na gundi iliyokwisha kuganda itupwe, isiongezwe petroli. Mvuke wake hushika moto, kwa hiyo fundi aiweke kando sigara yake. Pampu isiwashwe hadi zipite saa 24, hata kama tangi limekauka na majirani wanakuchotea.