Deschamps: kiungo mkabaji aliyegeuka kocha bingwa wa dunia

Mkuu, umeuliza kama mchezaji asiyekuwa nyota wa mabao na chenga anaweza kuwa kocha mkubwa. Anaweza kabisa. Mtazame Mfaransa Didier Deschamps.

Alikuwa kiungo mkabaji, kazi yake kupokonya mipira na kuwapa wenye vipaji wafanye mambo yao. Eric Cantona, mshambuliaji Mfaransa mwenzake, aliwahi kumwita mbeba maji, na hakuwa anamsifia. Lakini huyo mbeba maji ndiye nahodha aliyeinua Kombe la Dunia 1998 na Euro 2000. Ukicheza pale katikati unalazimika kuwapanga wenzako dakika zote 90, na kwa maoni yangu ukocha wake ulianzia hapo.

Alistaafu kucheza 2001 na mwaka huohuo akawa kocha wa klabu ya Monaco. 2004 akaifikisha fainali ya Ligi ya Mabingwa, wakafungwa 3-0 na Porto.

Ninachomheshimu zaidi ni kazi yake Juventus ya Italia. 2006 klabu ilishushwa daraja kwa kashfa ya kushawishi uteuzi wa waamuzi, ikaanza Serie B, daraja la pili, ikiwa imekatwa pointi. Makocha wengi wenye jina wangekwepa mzigo huo. Yeye aliubeba, akairudisha Serie A, ligi kuu, kwa msimu mmoja, kisha akaondoka.

Akaipa Marseille ubingwa wa Ufaransa 2010, na 2012 akakabidhiwa timu ya taifa ya Ufaransa. Alipoteza fainali ya Euro 2016 nyumbani mbele ya Ureno, ila 2018 akatwaa Kombe la Dunia kwa kuifunga Kroatia 4-2. Kabla yake, waliolibeba kombe hilo wakiwa wachezaji na tena wakiwa makocha walikuwa wawili tu: Mário Zagallo na Franz Beckenbauer.