Barua kwa Mwanangu: Kuhusu Hilo Jina

Wete, Pemba

Mwanangu Mwanakombo,

Waalaykum salaam. Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza mara tatu. Mara ya tatu mamaako alikuwa pembeni, akanyamaza kimya, nawe wajua mamaako akinyamaza maana yake nini. Umesema wakala wako wa kazi za uigizaji amekushauri ujiite Mona Combs, kwa vile waongozaji wakikuta "Mwanakombo" kwenye orodha ya usaili wanaliruka na kwenda la chini yake. Ukaniuliza: "Baba, nibadili au nisibadili?"

Nimekawia kukujibu kwa sababu ya karafuu. Juzi tumeanika uwanja mzima, saa nane mchana wingu likatufumania, tukawa tunakunja majamvi kama tunaoibiwa. Hata sasa naandika vidole vinanuka.

Na karafuu hizo ndizo zilizonikumbusha mtu wa kukutolea mfano. Yule Ben Kingsley, mwigizaji wa Kiingereza. Najua mwamjua nyote mliosoma mambo ya jukwaa, lakini sijui kama wajua ametokana na nani.

Alizaliwa Krishna Bhanji, tarehe 31 Desemba 1943, katika kijiji cha Snainton huko Yorkshire. Mamaake Mwingereza, mwigizaji na mwanamitindo. Babaake daktari, Khoja, yaani Mwislamu wa asili ya Kihindi, wa pwani yetu hii: babu mtu alikuwa mfanyabiashara wa viungo Unguja, na huyo daktari aliishi Unguja mpaka alipokwenda Uingereza akiwa kijana wa miaka 14. Kingsley mwenyewe akakulia Pendlebury, hapo hapo Salford unapopanga chumba. Siku ukipata nafasi panda basi uende ukapaangalie.

Alipoanza kutafuta kazi jukwaani yalimkuta haya haya yako. Anasimulia mwenyewe kwamba alikwenda usaili kwa jina la Krishna Bhanji, wakamsifu sana, kisha wakamwambia hawajui wamweke wapi katika michezo ya msimu ule. Akabadili jina, akavuka barabara, akaulizwa ataanza lini kazi. Mtu ni yule yule, sauti ile ile. Hilo liliniuma nilipolisoma, wala sitajifanya halikuniuma.

Ila tazama jina alilolichagua. Ben lilikuwa jina la utani la babaake. Na Kingsley limetokana na jina walilompa babu yake Unguja: mfalme wa karafuu. Waingereza wakaona jina la Kiingereza tupu, la kutamkika, lisilo na udongo. Kumbe kila anapoitwa, anaitwa kwa baba na babu, na harufu ya ghala la Unguja imo ndani yake. Mimi hapo nilimvulia kofia. Hakudanganya, alifunga mzigo wake vizuri tu.

Lakini ngoja niseme na la moyoni. Mfalme wa karafuu ni mwuzaji. Mchumaji hakuna aliyempa ufalme. Bibi yako, Mwanakombo mwenyewe, alikwea mikarafuu kuchuma mpaka mimba ya baba yako mdogo ilipofika miezi saba, akilipwa kwa pishi. Usiku tukikaa uwanjani na koroboi, yeye anachambua, makonyo, vile vijiti vyake, huku, karafuu huku, bila kutazama, anatusimulia hadithi, na ukucha wa dole gumba lake ulikuwa mweusi kama umetiwa wino. Sisi watoto tunalala juu ya lundo la makonyo. Hakuna aliyemwita malkia. Aliitwa Mwanakombo, akatosheka, na ulipozaliwa wewe tukalitoa kwake tukakupa. Kwa hiyo usione wakala anachotaka kukifuta ni herufi kumi tu.

Turudi kwa Kingsley, maana lake halikuishia kwenye jina. Mwaka 1967 aliingia kampuni ya maigizo ya Royal Shakespeare, na hapo ndipo alipofundwa. Mwaka 1970 alikuwa Demetrius katika ule mchezo maarufu wa Shakespeare alioungoza Peter Brook, A Midsummer Night's Dream, jukwaa jeupe pe kama sanduku, waigizaji wananing'inia kwenye bembea. Mwaka 1975 akawa Hamlet, si katika ukumbi mkubwa, bali katika kibanda cha mabati kule Stratford kilichoitwa The Other Place, mwongozaji wake mwanamke kijana, Buzz Goodbody. Kibanda cha mabati, mwanangu! Ukiniambia tena kwamba ukumbi wenu una viti vichache na paa linavuja, nitakukumbusha.

Basi ilipofika zamu ya Gandhi, filamu ya Richard Attenborough iliyotoka 1982, ambamo yeye ndiye Gandhi mwenyewe, alikuwa na miaka kumi na mitano hivi ya jukwaa mgongoni. Akajikondesha, akajifunza kusokota pamba kwa gurudumu. Ile sehemu ya mazishi ilikusanya watu zaidi ya 300,000. Mimi niliitazama kwa kanda ya video, Mji Mkongwe, katika chumba cha watu thelathini na feni moja, na mwenye kanda akatuambia kwa majivuno, "Huyu mwenzetu huyu." Tukacheka, tukadhani anauza maneno. Filamu ilichukua Oscar 8, mojawapo ya Kingsley kwa mwigizaji bora wa kiume.

Na hapo ndipo pana kichekesho ambacho hata yeye mwenyewe amewahi kukitaja: alilivua jina la Kihindi ili apate kazi, kazi iliyompa dunia ikawa ya kumwigiza Mhindi mashuhuri kuliko wote.

Baadaye ikawa hakuna anayeweza kumfungia chumba kimoja. Yule mhasibu mpole, Itzhak Stern, katika Schindler's List ya 1993. Halafu Don Logan katika Sexy Beast ya 2000, jambazi mwenye mdomo mchafu mpaka nilizima nikasubiri mamaako aende kulala. Mwaka 2002 wakampa u-Sir, ile heshima ya kifalme ya Uingereza. Na katika Iron Man 3 akawa Trevor Slattery, mwigizaji mlevi aliyepewa jina la kutisha na watu wengine ili alivae. Sijui kama alicheka alipoisoma hiyo nafasi. Mimi ningecheka.

Sasa wewe. Zama zake si zama zako. Siku hizi mwigizaji Chiwetel Ejiofor anaitwa Chiwetel Ejiofor, na Waingereza wanajifunza kulitamka. Lupita Nyong'o alipanda jukwaa la Oscar mwaka 2014 na ng'o yake nzima. Na yuko Thandiwe Newton, ambaye mamaake ni wa Zimbabwe: filamu yake ya kwanza ilimwandika bila ile W, akaishi nayo hivyo miaka thelathini, mwaka 2021 akairudisha. Huyo namwelewa. Mimi ofisi moja iliniandika Hamid badala ya Hamad kwenye pasi ya kusafiria, na miaka yangu kumi na moja ya baharini niliitwa Hamid na kila nahodha. Mwishowe nikawa naitika. Siku niliporudi, bibi yako akaniita "Hamad!" kutoka jikoni, nami sikugeuka. Aliita mara mbili. Uso wake siku ile sijausahau.

Kwa hiyo sikukatazi. Kodi ya chumba hailipwi kwa jina la bibi, najua. Ila Mona Combs ni nani? Katika nyumba hii simjui. Kingsley angalau alichukua vya kwao.

Jana usiku nilikuwa nachambua, nikalitamka jina lako polepole kama mgeni asiyelijua, nikaona jambo ambalo wakala wako hakuliona. Tayari ni mawili. Mwana, ndivyo tulivyokuita hapa nyumbani mpaka ulipoanza shule. Kombo, nusu ya Pemba inaitwa hivyo. Lipasue katikati tu, usiongeze wala usipunguze herufi: Mwana Kombo. Mwingereza akishindwa na hilo, basi hataki.

Liandike kwa kalamu nzito uliweke mezani kwake, umwangalie anavyolisoma, kisha uniambie.

Mamaako nimemsomea mpaka hapa, akasema "hmm", nadhani ni kukubali. Shangazi yako sijamwambia. Huyo utamwambia mwenyewe.

Babaako,
Hamad