Maswali ya Wasomaji: Silinda ya Chini ya Klachi Inapovuja

SWALI: Assalamu alaikum, Bwana Mhandisi. Nina Toyota HiAce ya gia za mkono ambayo naitumia kupeleka mboga na matunda katika soko la Kongowea. Miezi michache iliyopita fundi alinibadilishia klachi pleti pamoja na presha pleti, na gari likawa jepesi kabisa kuendesha. Sasa kanyagio la klachi limelegea, gia ya kwanza na ya kurudi nyuma zinasaga, na kila baada ya siku chache nalazimika kuongeza mafuta kwenye kikopo cha klachi. Fundi mwingine amechungulia chini na kuniambia kwamba silinda ya chini inavuja. Je, fundi wa kwanza aliharibu kitu? Tena, je, naweza kuibadilisha silinda hiyo mwenyewe nyumbani, ikiwa spana ninazo na kijana wangu yuko tayari kunisaidia?
Msomaji, Mikindani

JIBU: Waalaikum salaam, ndugu yangu. Nianze kwa kumwondolea lawama fundi wa kwanza, kwa kuwa hali uliyoieleza hutokea mara nyingi baada ya klachi mpya kufungwa, na watu hugombana bure kwa sababu yake. Unapokanyaga klachi, silinda ya juu iliyo mbele ya kanyagio husukuma mafuta ya breki kupitia paipu hadi kwenye silinda ya chini iliyofungwa ubavuni mwa giaboksi. Hapo mafuta huisukuma pistoni, pistoni husukuma fimbo fupi, fimbo husukuma uma, na uma hupeleka beringi kwenye presha pleti, ile inayoibana klachi pleti kwenye injini, ili klachi pleti iachiliwe na injini itengane na giaboksi. Kadiri klachi pleti inavyolika, vidole vya presha pleti, yaani springi zake zinazosukumwa na beringi, husogea upande wa giaboksi na kuirudisha pistoni ndani zaidi ya silinda yake. Kwa miaka mingi, basi, pistoni huwa inafanya kazi katika sehemu ya ndani tu, na ile sehemu ya nje ambayo raba ya pistoni, ile inayozuia mafuta yasivuje, haipiti tena hushika kutu na uchafu. Siku klachi mpya inapofungwa, pistoni husogea tena nje, na raba iliyokwisha kuzeeka huanza kusuguliwa na kutu hiyo mpaka ikalika. Fundi hakuharibu kitu. Angeweza tu kukushauri ununue silinda mpya siku ile ile, na wengi hawatoi ushauri huo kwa kuogopa kuonekana wanamwongezea mteja gharama.

Kutu yenyewe hutokana na mafuta. Mafuta ya breki ya DOT 3 na DOT 4, madaraja yanayoandikwa kwenye chupa, huvuta unyevu kutoka hewani, hata yakiwa ndani ya kikopo kilichofungwa, na katika mji wenye hewa ya unyevunyevu kama Mombasa hatuna sababu ya kutarajia yakae safi muda mrefu. DOT 3 ikiwa mpya haitakiwi kuchemka chini ya nyuzi 205 za Selsiasi, lakini ikishavuta maji kiasi cha asilimia 3.7 kiwango hicho hushuka hadi 140. Kwa breki, jambo la kuogopwa zaidi ni huko kuchemka. Kwa klachi, ni maji yale kukaa chini ya silinda na kuitafuna taratibu. Kwa hiyo mimi naichukulia kazi hii kuwa ni kubadilisha mafuta yote, na silinda ni sehemu tu ya kazi hiyo. Mtu akifunga silinda mpya na kuyaacha mafuta meusi ndani ya paipu, atarudi chini ya gari mapema kuliko anavyodhani.

Kabla ya kununua chochote, thibitisha ugonjwa. Gia zikiingia kwa urahisi injini ikiwa imezimwa na kusaga ikiwa inanguruma, klachi haiachilii vizuri, na hapo mfumo wa mafuta unastahili kushukiwa. Lakini ikiwa injini inapiga kelele na gari halipandi mlima, hilo ni tatizo la klachi pleti, na silinda mpya haitakusaidia. Ingia chini ya gari, vuta pembeni kile kifuko cha mpira kinachozuia vumbi mwishoni mwa silinda ya chini, na utazame: kukiwa na mafuta ndani yake, raba imekwisha. Kisha mwambie kijana akanyage klachi nawe ukiitazama fimbo, ambayo inapaswa kusogea zaidi ya sentimita moja. Tazama pia zulia na ukuta ulio mbele ya kanyagio, kwa sababu unyevu mahali hapo unatoka kwenye silinda ya juu. Ikiwa hakuna uvujaji popote na bado kanyagio linazama polepole ukilishikilia, silinda ya juu inapitisha mafuta kwa ndani. Silinda hizi mbili zina umri mmoja na zimekunywa mafuta yale yale, hivyo mara nyingi moja ikishabadilishwa, nyingine hufuata.

Sasa swali la kazi yenyewe. Kwa HiAce, ndiyo, unaweza, kwa kuwa silinda iko nje ya giaboksi na imeshikiliwa na bolti mbili. Nenda dukani na silinda ya zamani mkononi, au angalau na namba ya chesisi, kisha linganisha upana wa ndani ulioandikwa kwenye chuma, umbali kati ya matundu ya bolti, urefu wa fimbo na upande unaoingia paipu. Zipo silinda zinazofanana kwa macho lakini zinatofautiana milimita chache, na milimita hizo ndizo zinazoamua kama gia ya kurudi nyuma itaingia bila kusaga.

Egesha gari mahali pagumu na tambarare, injini ikiwa imepoa. Nasisitiza ugumu wa mahali kwa sababu nyumba zetu nyingi za pwani zina ua wa mchanga, na jeki kwenye mchanga huzama upande mmoja huku mtu yuko chini ya gari. Weka ubao mpana na mnene chini ya jeki na chini ya kila stendi. Ikiwa unaweza kuingia na kufanya kazi bila kulinyanyua gari, usilinyanyue. Ukilazimika, weka mawe makubwa nyuma na mbele ya magurudumu yanayobaki chini, vuta hendibreki, na usiingie chini ya gari linaloshikiliwa na jeki peke yake, hata kwa dakika moja.

Jioni ya siku iliyotangulia, safisha kwa brashi ya waya nati ya paipu na zile bolti mbili, kisha uzipulizie dawa ya kulegeza kutu. Hewa ya chumvi imewaangusha mafundi wengi hapa: nati ya paipu ni laini, na ukiishika kwa spana ya kawaida yenye mdomo wazi pembe zake huviringika, nawe unabaki na paipu la kununua juu ya silinda. Tumia spana ya paipu za breki, ile inayozunguka nati karibu yote na kuacha mwanya mdogo tu wa kupitisha paipu. Legeza nati hiyo kwanza, silinda ikiwa bado imefungwa na haichezi, ndipo ufungue bolti. Funika kikopo cha juu kwa kipande cha karatasi ya nailoni chini ya kifuniko chake ili mafuta yasimwagike yote, na mwonye kila mtu nyumbani asiguse kanyagio wakati silinda imetolewa, kwa sababu pistoni isiyozuiwa na uma inaweza kuchomoka. Mafuta haya huondoa rangi ya gari na huwasha macho. Yakimwagika mahali pa rangi, mwagia maji mengi mara moja, kwani yanayeyuka ndani ya maji.

Unapofunga silinda mpya, anza na nati ya paipu kwa vidole kabla ya bolti, ili silinda iwe huru kusogea na nyuzi za nati zipate njia yake bila kulazimishwa. Paka grisi kidogo sana kwenye ncha ya fimbo inapogusana na uma. Kisha funga bolti, ukamalizie nati. Hakikisha pia kwamba nipeli ya kutolea hewa iko juu ya silinda. Ikiwa iko chini, umeuziwa silinda ya upande mwingine, na hewa haitatoka hata ukipampu mpaka jua lichwe.

Kutoa hewa kunahitaji subira na watu wawili wanaosikilizana. Chomeka bomba dogo la plastiki kwenye nipeli, na ncha yake ya pili uizamishe ndani ya chupa yenye mafuta mapya kidogo. Kijana akanyage polepole hadi chini na ashikilie. Wewe fungua nipeli nusu mzunguko, mafuta na mapovu yatoke, uifunge. Ndipo umwambie aachilie. Mpangilio huu ukivurugika, yaani akiachilia kabla hujafunga, hewa inarudi ndani na kazi inaanza upya. Mwanzoni kanyagio linaweza kubaki chini, na atalazimika kulinyanyua kwa mkono. Baada ya kila mikanyago michache ongeza mafuta kwenye kikopo, kisipungue hadi kuvuta hewa, na usiyarudishe humo yale yaliyotoka. Endelea hata baada ya mapovu kwisha, mpaka mafuta yatoke na rangi ile ile ya chupani. Ndiyo sababu nakushauri ununue chupa ya nusu lita ambayo haijafunguliwa, badala ya kutumia ile iliyokaa rafuni tangu mwaka juzi. Kanyagio likiwa bado laini, vua silinda bila kufungua paipu, ishike nipeli ikiwa juu, na uisukume pistoni ndani polepole kwa mkono. Mara nyingi hewa iliyojificha hupanda hadi kwenye kikopo.

Washa injini, kanyaga, subiri kidogo, kisha uingize gia ya kurudi nyuma. Ikiingia kimya, funga kazi, na kesho yake asubuhi vuta tena kile kifuko cha mpira uone kama ni kikavu. Mafuta ya zamani yatie kwenye chupa na umpelekee mwenye gereji anayekusanya oili chafu. Yasimwagwe karibu na kisima.

SWALI: Naendesha gari la kubebea watoto wa shule. Duka la spea limeniambia nisinunue silinda nzima, ninunue raba tu kwa bei nafuu sana. Je, wananisaidia au wananipotezea muda?
Mama wa Kisauni

JIBU: Inategemea kilichomo ndani ya silinda yako, Bi. Mkubwa, na hilo halijulikani mpaka ifunguliwe. Fundi aitoe pistoni, asafishe ndani kwa mafuta mapya ya breki, na apitishe ukucha kwenye ukuta wa silinda. Ukucha ukiteleza bila kukwama, raba mpya zitafanya kazi yake vizuri, mradi zipakwe mafuta ya breki wakati wa kuziingiza na si grisi ya beringi, ambayo huzivimbisha. Ukucha ukikwama kwenye vishimo vya kutu, usikubali silinda isuguliwe kwa msasa. Msasa huipanua, na raba mpya huvuja tena. Kwa uzoefu wangu wa magari ya huku pwani, silinda nyingi hukutwa na vishimo, na kwa gari linalobeba watoto ningelipa bei ya silinda nzima bila kusita.

SWALI: Mzee wetu, shikamoo. Klachi ya matatu ninayoendesha iliishiwa mafuta tukiwa kwenye foleni ya feri, na utingo akaongeza oili ya injini iliyokuwa ndani ya gari. Ilifanya kazi vizuri hadi jioni. Leo kanyagio ni gumu na linarudi kwa shida. Nifanye nini?
Dereva, Likoni

JIBU: Marahaba, mwanangu. Kwanza, usiliendeshe gari hilo mpaka ujue kama kikopo cha klachi kiko peke yake au kinachangia na cha breki. Raba za mfumo huu hutengenezwa kwa ajili ya mafuta ya breki, na zikiguswa na oili ya madini huvimba na kuwa laini, ndiyo maana pistoni yako inakwama. Ikiwa kikopo ni kimoja, oili hiyo inaweza kuwa imefika kwenye breki, na hapo gari livutwe, lisiendeshwe. Kumwaga oili na kutia mafuta mapya hakutoshi: silinda zote mbili za klachi, raba zote na bomba la mpira vibadilishwe, na paipu za chuma zioshwe kwa dawa ya kusafishia breki na kukaushwa kabla ya kufungwa tena. Ikiwa breki zimeguswa, nazo zipewe matibabu hayo hayo. Ni gharama kubwa kwa kikombe kimoja cha oili, na mwenye gari aelezwe ukweli huo leo, kabla abiria hawajapanda.

SWALI: Nina Ford Transit iliyoletwa kutoka Uingereza. Je, maelezo ya kubadilisha silinda ya klachi nyumbani yanaihusu pia?
Msomaji, Nyali

JIBU: Hapana. Katika Transit nyingi silinda ya chini imezunguka shafti ndani ya giaboksi, pamoja na beringi yake, na haifikiwi mpaka giaboksi lishushwe. Giaboksi ni zito kiasi cha kumvunja mtu mbavu likimwangukia, kwa hiyo lipeleke gari kwenye gereji yenye lifti na jeki ya giaboksi. Kwa kuwa gharama kubwa iko katika kushusha na kupandisha, mwambie fundi akague klachi pleti na presha pleti siku hiyo hiyo, na avibadilishe ikiwa vimelika zaidi ya nusu.