Ukitaka Kumwona Kipepeo wa Buluu Mlima Elgon

Wengi wanaopanda Mlima Elgon huwa na haraka ya kufika kilele cha Wagagai, mita 4,321 juu ya usawa wa bahari, na njiani huwapita vipepeo wadogo wa buluu ambao wakifunga mabawa hutoshea juu ya ukucha wa kidole gumba. Kwa kuwa nimewafuatilia kwa muda mrefu, jambo la kwanza ninalomshauri mgeni ni kumweleza mapema askari wa hifadhi anayemwongoza kwamba safari itakuwa ya polepole. Kutoka alfajiri pia hakuna faida: kipepeo hupata joto kutoka kwa jua, na nyasi zikiwa bado na umande hutamwona. Jua likijificha baadaye, simama ulipo, kwani naye hutua palepale.

Akitua, chunguza upande wa chini wa bawa. Buluu ya juu hutokana na jinsi vigamba vyake vinavyorudisha mwanga, kwa hiyo hubadilika kadiri unavyosogea; tena majike wengi wana kahawia nyingi kuliko buluu. Chini ndiko kwenye alama za kuaminika. Lampides boeticus, mmoja wa vipepeo hawa, ambaye mwanasayansi wa Uswidi Linnaeus alimpa jina mwaka 1767, ana mistari myeupe kama mawimbi, utepe mpana mweupe karibu na ukingo, na madoa mawili meusi kando ya kijimkia chembamba. Madoa na mkia huo hufanana na kichwa chenye vipapasio, hivyo ndege hudonoa upande usio na madhara. Nimewaona wengi wakiruka vizuri huku kipande hicho kimenyofolewa.

Huyo, hata hivyo, hupatikana hata mabondeni. Anayetaka wa milimani hasa awatafute wa jenasi (kundi la spishi za karibu) ya Harpendyreus, katika nyasi za juu.

Kabla ya kuingia hifadhini, pitia mashamba ya maharage na njegere. Kiwavi wa Lampides hula mbegu ndani ya ganda, jambo ambalo mkulima halifurahii hata kidogo, na sisimizi humfuata kwa ajili ya majimaji matamu anayotoa. Madume nao hukusanyika kwenye tope la njiani kunyonya chumvi. Hapo piga magoti, sogea taratibu, na usiruhusu kivuli chako kiwapitie. Simu yenye kamera nzuri inatosha. Wavu uache nyumbani, kwa sababu kukamata wadudu ndani ya hifadhi kunahitaji kibali cha Mamlaka ya Wanyamapori ya Uganda.